Mwezi wa Kukaa

Bimdogo alikuwa anamenya mihogo nyuma ya nyumba, na binti yake Pendo anafagia uwanja. Pendo alifagia kuanzia mlangoni mpaka kwenye kinu, kisha akalaza ufagio na kukaa. Bimdogo hakugeuka. Alikuwa anajua kwa kusikiliza tu: ufagio ukinyamaza, mtoto amekaa. Akaendelea kumenya, maganda akiwarushia kuku.

"Umechoka?"

"Sijachoka. Nausubiri moyo."

"Umekwenda wapi?"

"Umetangulia," Pendo alisema. "Unakimbia peke yake. Ukirudi nitamaliza hapa."

Baadaye ufagio ukaanza tena, na Bimdogo akatia mihogo chunguni.

Pale Nalukwale, kitongoji cha ukingoni mwa uwanda wa juu, upande wa Mnyambe, kila mtu alijua kwamba mtoto wa Bimdogo ni wa kukaa. Akitumwa dukani anakaa njiani. Akicheza rede anarusha mpira mara moja, kisha anaomba wenzake wamhesabie amekufa ili akapumzike. Watoto walimwita Bibi. Naye alikuwa anaitika kwa kukohoa kizee na kuwaomba tumbaku, wakacheka wote, mwenyewe akiwa wa kwanza.

Daktari wa zahanati alimwekea kipimo kifuani, akasikiliza muda mrefu kama mtu anayetafuta stesheni kwenye redio mbovu. Akaandika karatasi ya rufaa. Ndanda, akasema, kule wana mashine ya kuutazama moyo ukiwa ndani.

"Mama Pendo, safari hii usiilaze."

"Siilazi, daktari."

Na kweli hakuilaza. Aliiweka mahali pake, pale ambapo mama yake na bibi yake waliweka safari za namna hiyo. Aliiweka Mwezi wa Kukaa.

Walio wadogo hawaukuti tena mwezi huo, na wa mjini hawakuwahi kuwa nao, kwa hiyo ni vizuri uelezwe.

Mwaka wa Nalukwale haukuanza Januari. Ulianza siku mvua ya kwanza ilipolala, yaani ilipoingia jioni na watu wakaamka nayo. Mvua ya kupita haikuanzisha mwaka, na mtoto aliyezaliwa ndani ya mvua ya kupita alihesabiwa ni wa mwaka wa nyuma, hata kama mama yake amekataa. Baada ya hapo, kwa kutaja michache, ulikuja Mwezi wa Majembe. Halafu Mwezi wa Ming'oko, ghala linapobaki vumbi na watu wanaingia porini kuchimba viazi hivyo vya mwitu. Mwezi huo ardhi ilikuwa laini kwa mwenye njaa na ngumu kwa mwenye akiba, na waroho walikuwa wanajulikana kwa majembe yao yaliyopinda. Mwezi wa Mbaazi ulitangazwa na harufu yake. Mwezi wa Ukungu, ukungu ulipanda kutoka bonde la Ruvuma, ukaingia majumbani na kulala chini ya vitanda, na wanawake waliufagia nje kabla ya kuwasha moto. Waliokufa mwaka huo walipita ndani yake kudai vitu vyao, huyu kikombe, yule kanga, wakapewa, wakaenda. Kisha Mwezi wa Ngoma, wa jando na unyago. Kisha Mwezi wa Maua, mikorosho inapochanua na nyuki kuwa na maneno mengi.

Wiki ilikuwa na siku tano, ya mwisho ni ya gulio. Siku ya gulio jua lilichelewa kutua, kwa sababu watu walikuwa hawajamaliza kusalimiana.

Kati ya Maua na Mwezi wa Kuokota, wa korosho kudondoka, ndipo ulipokuwa Mwezi wa Kukaa. Haukutangazwa na mtu. Asubuhi moja mwanamume anashika jembe lake, jembe haliinuki. Anamwita mkewe, mke naye anajaribu, haliinuki. Basi wanajua umeingia. Kivuli cha kila kitu kilianguka pande mbili, hivyo hapakuwa na upande wa jua. Maji hayakupungua ndooni. Kucha hazikuota. Korosho iliyokuwa inataka kudondoka ilishika kikonyo chake ikangoja. Watu walitandika mikeka uwanjani wakakaa, na alasiri marehemu nao walikuja, kila mmoja amebeba kigoda chake, maana hawakupenda kusumbua wenye nyumba.

Nje ya Nalukwale mwezi huo haukuwapo. Mtu akishuka Masasi alikuta ni tarehe ileile, na akirudi kesho kutwa yake na kushuka tena, ni tarehe ileile bado. Kwa hiyo kila jambo la mtoto lililokosa nafasi kwenye miezi ya kazi liliwekwa humo. Kumpeleka hospitali. Kumshonea sare. Kumpeleka akamwone babu yake. Kumsikiliza alichokuwa anataka kusema tangu Mwezi wa Mbaazi. "Hilo la Kukaa hilo," mama alikuwa anasema huku anajitwisha ndoo, na mtoto aliridhika, kwa sababu mwezi ulikuwa unafika kweli. Manesi wa Ndanda walishazoea. Kadi ya mtoto wa Nalukwale ilionyesha amefika, amelazwa, amepata nafuu na kuruhusiwa, yote tarehe moja. "Watu wa ukingoni hao," walisema, wakagonga muhuri.

Bimdogo alikuwa na mengi ya kukumbuka kuhusu mwezi huo, lakini kubwa ni hili: ndio mwezi aliokuwa anaiona sura ya mama yake. Miezi mingine yote aliuona mgongo, umeinama shambani, umeinama kinuni, umeinama mekoni. Mwezi wa Kukaa mgongo uligeuka. Mama yake alikaa mkekani, akamkalisha katikati ya miguu, akamsuka nywele taratibu, na akimaliza anafumua na kuanza upya, kwa vile hapakuwa na kazi nyingine inayongoja. Mikono yake iliyokuwa migumu kama kamba ilikuwa laini mwezi huo. Harufu yake ilikuwa ya mafuta ya nazi, si ya moshi. Mpaka sasa Bimdogo akipita dukani, mtu akafungua chupa ya mafuta hayo, anasimama kidogo kabla ya kukumbuka alichofuata.

Pendo naye aliupenda kuliko wote.

"Mwezi huo mimi na Fikirini tuko sawa," alikuwa anasema. Fikirini alikuwa mtoto wa jirani, mwenye mbio kuliko wote. "Hata yeye hawezi kukimbia. Anakaa tu, anavimba."

Mwaka ule, Mwezi wa Maua ukielekea kwisha, kikaitishwa kikao kwenye ghala la korosho. Mwenyekiti wa kitongoji, Salmini, alikuwa amesimama na kalenda mkononi, kalenda ya ukutani, ya kung'aa, aliyopewa na muuza pembejeo. Ilikuwa na picha ya mwanamume anayetabasamu na bomba la salfa, dawa ya mikorosho, mgongoni. Salmini akasema hii ndiyo kalenda inayotumiwa na watu wote wanaoendelea. Tarehe za kupuliza salfa zimo. Tarehe za minada zimo. Mwezi wa Kukaa haumo.

Wa kwanza kusimama alikuwa Mwalimu Gwakisa, mtu wa Tukuyu, mpole, aliyekuwa anafundisha hesabu.

"Ndugu zangu, mimi mnanijua, sina ugomvi na mtu. Lakini serikali inanilipa miezi kumi na miwili, na hapa nakula miezi kumi na mitatu. Huo wa kumi na tatu nauandikia nani?"

"Mwezi huo nenda kale kwenu, Mwalimu," mzee mmoja alisema.

"Nilikwenda mwaka jana. Nimefika, nimekaa, nimerudi, tarehe ileile. Nauli ndiyo iliyokwenda. Mke wangu mpaka leo anasema sikufika."

Watu wakacheka sana. Lakini kicheko kilipotulia, wanaume wengi walikuwa wanaitikia kwa vichwa kwamba Mwalimu ana neno. Ghala la mihogo linalotakiwa kufika miezi kumi na miwili linafikishwaje kumi na mitatu? Na korosho inayongoja juu ya mti, inamngoja nani? Wa vijiji vingine, walisema, wanatuita watu wa mikeka.

Bimdogo alikuwa amekaa nyuma, karibu na mizani, Pendo amelala mapajani. Aliinua mkono.

"Na vilivyowekwa mle?"

"Vipi, Mama Pendo?"

"Kuna mambo ya watoto tumeshayaweka mle. Yanakwenda wapi?"

Salmini alifikiri. Hakuwa mtu mbaya, na swali aliliona ni la haki.

"Hamisheni," alisema. "Kila mmoja ahamishe la kwake. Miezi ipo kumi na miwili, mama, haiwezi kukosa nafasi."

Mikono ikanyanyuliwa. Mwezi ukaondolewa. Kalenda ikapigwa msumari ukutani, na watu wakarudi makwao kutayarisha magunia.

Bimdogo alihamisha. Alijaribu. Alikaa na mumewe, Muharami, wakaupitia mwaka mpya wakitafuta pa kuiweka Ndanda. Septemba korosho zinaanza kudondoka, na korosho isiyookotwa inaokotwa na mwenzio. Oktoba na Novemba ndiyo yenyewe. Desemba mvua, majembe. Januari na Februari palizi. Machi hakuna kitu ndani, watu wanasaka ming'oko, nauli itoke wapi? Baada ya hapo mbaazi. Baada ya hapo kufyeka chini ya mikorosho, kisha salfa, na salfa haimsubiri mtu. Waliufikia mwisho wa mwaka, karatasi ya rufaa bado iko mkononi.

"Ndanda haihami," Muharami alisema. "Ilikuwapo kabla ya babu yangu. Tumalize kuokota, tukiwa na hela mkononi tunampeleka kama watu."

"Daktari alisema tusiilaze."

"Na wewe mtazame. Anakula. Anacheka. Mgonjwa gani anacheka namna hii?"

Pendo alikuwa mlangoni, anamwiga Mwalimu Gwakisa anavyotembea, na baba yake akashindwa kujizuia. Hata Bimdogo alicheka. Kisha mtoto akakaa kizingitini kuusubiri moyo.

Siku ambayo Mwezi wa Kukaa ungeingia, Bimdogo aliamka mapema na kwenda kushika jembe. Liliinuka. Lilikuwa jepesi kama siku yoyote. Nje kivuli cha nyumba kilikuwa upande mmoja. Chini ya mkorosho wa kwanza palikuwa na korosho zimedondoka, na mabibo yamepasuka yananukia, na nzi wameshafika. Akachukua kikapu.

"Mama," Pendo alisema kutoka ndani, "mwezi wangu umefika?"

"Bado. Lala kwanza."

"Nimeota umefika."

"Tukimaliza kuokota, mama. Si nimekwambia?"

Pendo hakubisha. Alikuwa mtoto mwelewa, na hilo ndilo baya la mtoto mwelewa, kwamba mtu anaweza kumwambia jambo moja mara nyingi.

Waliokota. Msimu ule ulikuwa wa neema. Mikorosho ilizaa mpaka matawi yakalala. Kila siku Bimdogo alikuwa anarudi na mgongo unauma, anamkuta Pendo ameketi mahali, na kila siku mahali penyewe palikuwa karibu zaidi na mlango. Miguu ilikuwa imeanza kujaa. Usiku alikuwa analala ameegemea ukuta. Muharami akasema bado robo ya shamba. Kisha akasema bado upande wa bondeni tu.

Asubuhi moja Bimdogo alitoka na kikapu, akamwona Pendo uwanjani, ameketi mkekani kwenye kona ya upande wa choo, kavaa gauni lake la njano. Kivuli chake kilikuwa kimeanguka pande mbili. Pembeni yake, juu ya kigoda, alikuwa amekaa mama yake Bimdogo, aliyekufa kabla Pendo hajazaliwa, na alikuwa anamsuka nywele.

Bimdogo aliweka kikapu chini.

"Pendo."

Mtoto alimtazama, akatabasamu, midomo ikasogea. Hapakuja sauti. Bimdogo akaingia ndani. Kitandani hapakuwa na mtu, shuka lilikuwa limekunjwa vizuri, kama linavyokunjwa na mtu anayekwenda safari. Akatoka, akaenda mpaka kwenye ile kona. Kivuli chake mwenyewe kilibaki upande mmoja. Pendo na bibi yake walisogea hatua chache pembeni pamoja na mkeka wao, kama watu wanavyosogea kumpisha mwenye haraka. Akaenda tena. Wakasogea tena. Mama yake alimtazama kwa huruma, lakini hakuacha kusuka.

Alasiri, Bimdogo anaanika korosho, ile sauti ya asubuhi ikafika. "Mama, umefika. Niliota kweli."

Muharami alirudi, akatazama kona, akakaa chini kwenye vumbi mpaka jua likatua. Shehe aliitwa. Alisimama mbele ya mkeka, akaitazama kanzu yake, akamtazama mtoto anayekula muhogo wa kuchoma aliomegewa na bibi yake. Akasema hawezi kumsomea hitima mtu anayetafuna.

Wala hakuwa peke yake. Nyumba ya tatu, kwa Devotha, mtoto wao Godfrey, aliyekuwa anatoka usaha sikioni tangu Mwezi wa Ngoma, na aliyewekewa safari yake ya Ndanda kama Pendo, alikutwa naye nyuma ya jiko ameketi, kivuli pande mbili. Kuna wengine wawili upande wa kisimani. Watu walielewa upesi. Mwezi ulikuwa umeondolewa kwenye kalenda, lakini vilivyowekwa ndani yake havikuwa vimehamishwa, na wenye navyo walikuwa wamevifuata.

"Bora wako ana bibi," Devotha alimwambia Bimdogo kisimani. "Wangu kakaa na shemeji wa baba yake. Yule mzee hata akiwa hai hakuwa na mazungumzo."

"Sikio bado linatoka?"

"Limesimama. Halitoki wala halikauki. Limesimama hapohapo."

Bimdogo alimfuata Salmini akiwa ghalani anapima magunia. Alimwambia jambo moja tu: mwezi urudishwe, hata mara moja, hata kwa siku chache. Ukirudi, jembe lake litakuwa zito, kivuli chake kitakuwa pande mbili, atafika pale mkekani, atambeba mtoto mgongoni na kwenda naye Ndanda. Karatasi ya rufaa anayo.

Salmini alimsikiliza mpaka mwisho, kidole kikiwa kwenye mizani ili asisahau alipofikia.

"Mama Pendo, mimi nina watoto. Nakuelewa. Lakini kikao cha sasa hivi nitampata nani? Watu wako mashambani. Tulizungumze baada ya msimu."

Baada ya msimu mvua ililala, na watu walikuwa na majembe. Mwaka uliofuata Bimdogo alikwenda tena, na Salmini, kwa upole uleule, akasema baada ya msimu. Kisha Salmini aliondoka kwenye kiti, akaingia Jafari, kijana msomi, aliyesema wazo ni zuri na lijadiliwe kwa kina, baada ya msimu. Mwalimu Gwakisa alipata uhamisho. Siku ya kuondoka alikuja kwa Bimdogo, akasimama mbele ya kona ile na kofia mkononi.

"Shikamoo, Mwalimu," sauti ya Pendo ikafika palepale, kwa vile alikuwa amemwamkia alipomwona akipita asubuhi.

"Marahaba," Mwalimu alijibu. Akamgeukia Bimdogo. "Mama Pendo, mimi nilisema habari ya chakula tu."

"Najua, Mwalimu. Safari njema."

Bimdogo alikwenda Ndanda peke yake pia. Alishuka kwenye gari, akapanga foleni na karatasi yake, ilipofika zamu yake akamkabidhi nesi aliyeitwa Imakulata. Nesi aliisoma, akatazama nyuma ya Bimdogo.

"Mtoto yuko wapi, mama?"

"Yuko Mwezi wa Kukaa."

"Nalukwale?"

"Nalukwale."

Nesi aliikunja karatasi kwa mikunjo yake ya zamani, akamrudishia. "Zamani mlikuwa mnakuja nao. Vitanda vile vya dirishani vilikuwa vyenu," alisema. "Mlete, mama. Siku yoyote. Hapa hatupimi karatasi."

Bimdogo akarudi nayo. Aliiweka kwenye kopo la majani ya chai juu ya kabati, na ipo.

Miaka ilikwenda, ya kalenda ya ukutani. Kila mwaka ilikuja mpya, na picha mpya. Nyumba ilipata bati. Mgongo wa Bimdogo ulianza kupinda kama wa mama yake. Pendo alibaki na gauni lake la njano na pengo la meno yake mawili ya mbele yaliyong'oka. Mazungumzo yao yalikuwa na utaratibu: mama anauliza asubuhi kabla ya kwenda shamba, jibu linafika alasiri. Kifua kinakubana? Hakibani, mama, kinakaa tu. Umekula? Bibi kaniletea mbaazi. Unanikumbuka? Hili moja lilikuwa linachukua muda zaidi, na wakati mwingine lilifika Bimdogo akiwa amelala, na alikuwa anaamka akijua amejibiwa lakini hajui ameambiwa nini.

Kuna siku alikuwa anatamani kukaa tu pale, mbele ya kona, asiende popote. Alijaribu. Akikaa, mgongo unawasha, mikono inatafuta ungo, kichwa kinahesabu kazi. Mtu aliyezoea miezi kumi na miwili hawezi kukaa, anapumzika tu, na kupumzika na kukaa si kitu kimoja. Mama yake, kwenye kile kigoda, alikuwa anamtazama anavyohangaika, na Bimdogo aliona kwamba kilicho mbele yake ni uso, si mgongo. Uso wa mama yake, mikono laini, mafuta ya nazi. Na mtoto wake, katikati ya ile miguu, alikuwa ameketi pale alipoketi yeye. Hakujua amwonee nani wivu.

Fikirini alikua. Akaota ndevu, akaenda Masasi, akafanya kibarua mtaani Mkomaindo mpaka akapata pikipiki, akarudi nayo Nalukwale, akaoa. Alikuwa hapiti bila kusimama kumsalimu Pendo kwa jina la utotoni.

"Bibi, hujambo?"

Akimaliza anaacha biskuti ukingoni mwa kona, na asubuhi biskuti hazipo. Jibu likimkosa, Bimdogo anampelekea: kasema umenenepa, kasema sasa hata yeye anaweza kukushinda mbio.

Mke wa Fikirini aliitwa Salome. Walikuwa na mtoto wa kike, Ethel, anayeanza kusema, na mwaka huu, mabibo yameanza kuiva, Ethel alikuwa na homa inayokwenda na kurudi. Akipona siku mbili, siku ya tatu anawaka. Macho yake yalikuwa yameanza kuwa ya njano. Daktari mpya wa zahanati aliandika karatasi.

Salome alikuja nayo kwa Bimdogo, mtoto mgongoni, kikapu mkononi.

"Shikamoo, Mama Pendo."

"Marahaba. Mtoto kaamkaje?"

"Hivyohivyo. Wametuandikia Ndanda."

Bimdogo aliacha alichokuwa anafanya. Akafuta mikono kwenye kanga, akamgusa mtoto shingoni, akaona moto. Alisema polepole, kama anayemwelekeza mgeni njia. "Salome, sikiliza. Nenda leo. Usirudi nyumbani kuchukua nguo, nguo nitawapa mimi. Mumeo ana pikipiki. Saa hii mkiondoka, jua halijawa kali mko Masasi, mchana mko Ndanda. Usiiweke popote hiyo karatasi. Pa kuiweka hakuna."

"Pikipiki inabeba magunia mpaka Ijumaa. Na chini ya mikorosho yetu huko, Mama Pendo, kumejaa. Tukiziacha siku mbili tu watoto wa watu wanatuokotea."

"Nitakuokotea mimi."

"Na zako?"

Bimdogo aligeuza uso kuelekea mikoroshoni. Kwenye shamba lake huko nyuma korosho zilikuwa zinadondoka, moja moja, na wote wawili walikuwa wanazisikia.

"Zangu zitakaa," alisema mwishoni.

Salome alitabasamu kwa adabu, kama mtu anavyomtabasamia mkubwa aliyesema jambo lisilowezekana. Alimpandisha mtoto vizuri mgongoni, akakaza kanga. Kisha akatazama kwenye kona, pale mkekani, na alipozungumza alizungumza kwa heshima, kama mtu anayeomba jirani amwangalizie chungu.

"Nilikuwa nakuja kwa hilo. Kama tutachelewa. Umwambie Pendo amshikie wangu nafasi, karibu na bibi. Huyu hapendi kukaa na watu asiowajua."

"Siwezi kumwambia hivyo."

"Basi nitamwambia mwenyewe." Akasogea mpaka ukingoni mwa kona, akainama kidogo. "Pendo, mama. Mshikie Ethel nafasi. Umesikia?"

Pendo alikuwa anamtazama mtoto mgongoni, akimpungia kidole. Midomo yake ilisogea.

Salome akaenda shamba. Bimdogo alisimama pale uwanjani, akifikiria kumfuata, kumpokonya mtoto, kutembea naye kwa miguu mpaka barabarani. Akaingia ndani, akatoa kanga mbili na gauni dogo, akazifunga, akaziweka mlangoni tayari. Akangoja. Jua likapanda. Chini ya mikorosho, upande wa pili wa nyumba, alisikia watoto wa watu wanacheka na kuitana, na kikapu kinaburutwa. Akachukua cha kwake, akaenda kuokota.

Alasiri alikuwa ameinama, mgongo uko juani, jibu lilipofika kutoka uwanjani, kwa sauti ileile ya mtoto mwelewa.

"Nafasi ipo, mama. Zipo nyingi."